Miti ya maharagi ya Thacienne

Kalembe, mwezi wa kumi na moja 1961

Mama Verdiane mupendwa, naomba unipokee na shida yangu, kama unavyojibu bengine mu gazeti, juu roho iko inauma, miye njo Séraphin, artiste, nilisoma akademi ya sanaa kule Elisabethville, nikarudia hapa kwetu juu niliona bantu bamesahau urafiki wao na udongo, nikawaza kutengeneza kazi ya sanaa ambayo muntu haiangalii ku ukuta, anaingia ndani yake, basi nikatosha kitanda na meza mu nyumba nikaviweka inje, nikamwaga udongo mweusi, nikaleta majani ya pori na maji ya mutoni, na juu pori bila miti si pori, nikaenda mu shamba ya bibi yangu Thacienne, mama ya batoto wangu, yeye alikuwa ameenda Mweso kuuguza mama yake, nikang'oa miti yote maharagi yalikuwa yanapandia, nikaisimamisha ndani, ikapendeza mpaka miye mwenyewe nililia.

Siku ya kufungua nikaita bajirani, nikabaomba bavue viatu, hata kama hawakuwa navyo, baingie pole pole basikie udongo na miguu. Mama Nyiramana aliingia wa kwanza, akaangalia, akarudi kwake kuchukua jembe, bamama wengine nao bakamufuata, bakalima, bakang'oa majani yangu yote ya pori bakayatupa inje, bakisema shamba ya Thacienne imeharibika na bwana yake anaona haya kuomba musaada, kisha bakanipa pole. Saa ile Thacienne akafika, alikuwa amepita mu shamba kwanza, akafunga nguo zake akarudi Mweso, akaniambia tu, "Maharagi yamelala chini. Na weye lala nayo." Mama, nimuelezee sanaa namna gani arudie, bila miye kugusa kazi, juu kuna muzungu moja wa Goma alisema atakuja kuiangalia?

Séraphin.

Séraphin, pole. Roho kuuma si mchezo, na hiyo pole njo ya mwisho leo.

Unasema bantu bamesahau udongo. Bantu gani? Bibi yako alikuwa na udongo mu kucha wakati weye ulikuwa Elisabethville unajifunza kuupenda. Mu Kalembe yote ulitafuta mahali pa kung'oa miti, ukaona tu pale ilikuwa inafanya kazi. Na ulilia juu ya uzuri! Maharagi ya maua, kwa mvua hii, yakilala chini yanaoza, na batoto wako watakula nini, majani ya pori?

Bale bamama usibakasirikie. Ulitaka basikie udongo. Balisikia. Balisikia iko na majani, bakaenda kuchukua jembe. Hakuna muntu ataingia tena mu kazi yako na moyo kama ule.

Kumuelezea Thacienne sanaa, acha kabisa. Leo, si kesho, rudisha miti mu shamba, inua kila shina na mikono yako, ulizungushe ku muti polepole lisivunjike. Rudisha kitanda ndani. Kisha panda Mweso na miguu, umwambie baba mukwe, "Nilikosa," unyamaze, Elisabethville usiitaje.

Muzungu akifika, mupeleke ku shamba. Akiuliza kazi iko wapi, mwonyeshe maharagi yanapanda. Akiuliza ni ya nani, sema jina la bibi yako.

Mama Verdiane