Tramu Iliondoka na Otis

Tess, mbona hupokei simu? Basi soma tu.

Otis ninaye sasa. Lakini tramu iliondoka naye. Iliondoka naye, Tess, mimi nimebaki barabarani.

Ni hizi tramu za zamani zenye ngazi, zinazopita kwenye reli katikati ya barabara, hapa Sydney Road. Jamaa mmoja alinisaidia kupandisha kigari, Otis akiwa ndani yake, mimi nikainama pale chini barabarani kuokota mkoba wa nepi. Kuinuka, milango imeshafungwa.

Niligonga vioo, nikapiga kelele, "Mwanangu yumo humo!" Dereva hakusikia. Tramu ikaenda zake.

Nikakimbia. Kiatu kimoja sijui kimeangukia wapi. Nilichokuwa nawaza ni kwamba sijamfunga mkanda. Sikumfunga mkanda, Tess.

Kufika kituo cha mbele, namkuta bibi mmoja wa Kigiriki amekaa kwenye benchi, kampakata Otis, kigari kiko pembeni. Alishuka naye ili anisubiri.

Nikampokonya mtoto. Hata asante sikusema. Nikajikuta namwambia, "Mimi si mama mbaya."

Akasema, "Nani kasema? Kaa hapa, mwanangu, upumue kwanza. Mtoto hajalia hata kidogo. Anayelia ni wewe."

Ameshaondoka. Mimi bado niko kwenye benchi lake. Tramu zinakuja, milango inafunguka, watu wananiangalia, na mimi siwezi kunyanyuka.

Usije na gari. Njoo kwa miguu, wewe usukume kigari, mimi nitambeba Otis mpaka nyumbani.