Mechi Uliyosemwa Uliiuza

Baba,

Leo nimechoka, lakini nisipokuandikia sasa sitaandika tena. Mvua zilipokwisha alikuja hapa Kibiti binti mmoja wa Dar, Rehema, anatengeneza filamu ya timu za zamani za Rufiji. Akataka habari za fainali yenu, ile ambayo watu wenu wa Mohoro walisema uliiuza. Nikamwambia aende zake. Shule nzima niliitwa mtoto wa kipa muuza mechi. Sikuwa na nguvu ya kuanza upya.

Hakuondoka. Alisema akihoji watu kumi atapewa mechi kumi, kila mtu na yake, ndiyo maana anatafuta picha za siku ile. Akazipata kwa mpiga video wa harusi, Mzee Athumani, kanda moja imeota ukungu. Nusu ya mechi imefutwa. Juu yake amerekodiwa bibi harusi anatolewa ndani.

Tuliiangalia sebuleni, Rehema, mimi na baba mdogo Seif. Kumbe siku ile Mzee Athumani alisimama nyuma ya lango lako. Ikapigwa kona, ukaruka, na baba mdogo, beki wako, akaruka pia, akakuangukia begani. Mpira ukaondoshwa, uwanja mzima ukaufuata kwa macho. Kamera ikabaki kwako. Mkono wa kulia ulikuwa unaning'inia, Baba. Baba mdogo anakuinamia, unatikisa kichwa, unamsukuma kwa mkono wa kushoto arudi nafasi yake. Kisha mpira ukarudi, shuti la kitoto, ukapita upande ule ule wa kulia.

Nikakumbuka ulivyokuwa ukinifunga vifungo vya sare kwa kushoto. Nilidhani ulizaliwa hivyo. Nikikuuliza habari za mechi ulisema tu, "Mpira umeshapita, mwanangu."

Baba mdogo akasema alijua tangu siku ile. Ulimkataza asiseme: wangejua ni yeye aliyekuumiza, wangesema ndugu wawili mmekula njama, naye alikuwa bado anaposa pale Mohoro. Akakutii. Akaoa, akazaa, akakuzika, bado anakutii.

Nilitaka kumpigia kelele. Hazikuja. Rehema akamuuliza kwa upole kama aiondoe sehemu ile kwenye filamu.

"Iweke," akasema. "Na mimi nihoji. Nimechoka kuibeba."

Juzi filamu ilionyeshwa Mohoro, darasani, madirisha yamezibwa kwa kanga. Wazee wa timu yenu walikuja. Ilipofika pale, nahodha wenu akaomba irudishwe nyuma. Wakaitazama tena. Hakuna aliyeomba radhi, angemwomba nani? Nahodha alinishika mkono muda mrefu, akaondoka.

Nilidhani nitafurahi. Ukweli umekuja umekuta kaburi.

Baba mdogo sijamsamehe, nisikudanganye. Lakini Ijumaa nitapika, nimpelekee, nikae naye mpaka amalize kula. Hilo nakuahidi.

Lala sasa, Baba. Hakuna tena anayekungoja ujibu.

Mwanao,
Mwanaidi