Amina ya Sheria ya Samaki

Kamina, Jumapili, Novemba 1999

Aibu ingali inanichoma. Leo baada ya ibada Papa, yaani baba yangu, karani wa mazingira, alisoma kwa Kifaransa sheria ya kufunga uvuvi na uuzaji wa samaki wakati wanapotaga mayai. Mimi nilisimama kando yake kutafsiri kwa Kiswahili, kama ninavyotafsiri mahubiri.

Nilipofika mwisho, kwa mazoea nikafunga na "Amina". Kanisa lote likaitika "Amina!" Hata Mama, muuza samaki. Nilitamani ardhi inimeze.

Nyumbani Papa alicheka kwa furaha. "Mwaka huu bote balikubali sheria!"

Mama alikuwa anapanga samaki wakavu waliotoka Bukama ndani ya kitunga. "Papa, tangu vita ianze mushahara yako haiyafika. Nikiacha kuuza, tutakula nini? Sheria?"

"Lakini ulisema Amina."

"Nilimuitikia Mungu, hapana weye."

Kesho Papa anatakiwa kuanza kutwaa samaki wanaouzwa sokoni. Ninaogopa atafika kwenye meza ya Mama.

Jioni tulipakuliwa samaki wale wa Mama na bukari, ugali wetu. Papa alitazama sahani, kisha akaniambia, "Mutafsiri, ombea chakula."

Niliomba kwa kifupi. Amina ya Papa ndiyo ilikuwa kubwa kuliko zote.