Korido Msiipake Rangi

Baba watoto,

Chai iko kwenye chupa. Gesi inakaribia kuisha, msiiache iwake bure. Mwambie dada mkubwa ampitie mdogo wake shuleni, mimi nina magauni ya wateja ya kumalizia.

~~Ile ndoo ya rangi irudishe dukani.~~ Usirudishe. Ila korido msiiguse.

Asubuhi nilipitia benki kuuliza mkopo wa nyumba umebaki kiasi gani. Si unajua mtindo wetu, kila miaka miwili tunapaka chumba kimoja na kusema hiki tumeshakilipia. Sebule, jikoni, chumba cha watoto, chetu, na leo ilikuwa zamu ya korido. Miaka kumi, na kila mara unatununulia soda za kupongezana. Kumbe pesa zetu riba ndiyo inakula kwanza, deni lenyewe linaambulia makombo. Tumeshatoa zaidi ya bei ya nyumba nzima na deni halijapungua hata robo. Tukimaliza miaka ishirini tutakuwa tumeinunua mara tatu, na tunakaa hii hii moja. Karani wa benki aliniambia hayo huku anatafuna biskuti. Nikaondoka bila kuaga.

Na siku ya kusaini tuliuliza marejesho ya mwezi tu, tukachekelea.

Nimepiga hesabu njiani. Tulicholipia kweli hakizidi choo. Basi kipakeni hicho, mikono miwili ya rangi, kikauke vizuri. Soda usinunue.

Nikirudi jioni nataka kukaa ndani ya kitu changu.

Mama watoto, mpangaji mwenzako