Jani la Sale Mlangoni mwa Kituo

Jumatano, mwezi wa saba. Ukungu umeshuka mpaka kwenye migomba, na mlima hatujauona siku ya tatu sasa. Nimeteremka Moshi mjini kuandika haya kwenye kafe ya intaneti, vidole vikiwa bado na baridi ya kijijini kwetu Kirua.

Banda langu ni tupu. Ijumaa wezi walimchukua ng'ombe wangu wa maziwa. Ngozi yake iliokotwa korongoni, nyuma ya bucha la Beda.

Hapa niungame. Jumapili, watu walipotoka misa ya kwanza, nilisimama nje ya kanisa nikasema mwizi ni Beda. Sikumwona akiiba. Lakini nimewafundisha nusu ya kijiji kusoma, na nikisema jambo, wengi hawaulizi tena.

Jana asubuhi nilikuwa kwenye kituo chetu kidogo cha polisi nikiandikisha maelezo. Beda akaingia mbio, shati limechanika, akajificha chini ya meza. Nyuma yake lilikuja kundi zima. Mmoja alikuwa na tairi begani. Nilimfundisha darasa la nne.

Askari alikuwa mmoja tu, Koplo Zuhura, mwenyeji wa Mtwara. Alitoka nje, akaufunga mlango nyuma yake, akasimama hapo. Mimi nikabaki ndani na mtu niliyemtaja, nikichungulia dirishani.

"Afande, tupishe. Huyo ni mwizi."

"Huyo ni mtuhumiwa. Na amekuja kwangu kuwashtaki nyinyi."

"Kwani kakuhonga utumbo?" mwenye tairi akauliza. Watu wakacheka.

"Utumbo nanunua kama wewe. Huyu ni wangu kumlinda, na Mwalimu aliyeibiwa ni wangu pia. Mkitaka kuingia, anzeni na mimi."

Hakupandisha sauti. Rungu lake lilikuwa limebaki mezani, mbele yangu.

Miaka mingi nimewaeleza wanafunzi kwamba Katiba haimhesabu mtu kuwa mkosaji mpaka mahakama iamue, na kwamba anayechunguzwa anastahili ulinzi sawa na anayelalamika. Nilikuwa naijua kama sentensi ya ubaoni. Jana niliiona imevaa sare, imesimama kizingitini.

Bado nastaajabu.

Nilimnong'oneza Beda atoke na jani la sale, mmea ulioota wigo mzima pale kituoni. Kwetu Uchaggani, mwenye kosa akikuletea jani hilo kuomba radhi, huwezi kumfukuza. Nilidhani nampa njia ya kuokoka.

Akanitazama kutoka chini ya meza. "Mwalimu, nikishika sale nimekiri. Sijamgusa ng'ombe wako. Wa kulishika ni wewe."

Nilikuwa nimesahihishwa. Mwalimu mzima.

Nikafungua mlango. Koplo alishtuka, akasogeza bega kunipisha. Nilichuma jani wigoni, nikaenda mpaka kwa yule mwenye tairi, nikamnyooshea kwa mikono miwili.

"Nimekosa mimi," nikasema. "Nilimtaja mtu ambaye sikumwona. Naomba radhi kwake na kwenu. Ng'ombe ni wangu, na mimi nasubiri upelelezi."

Alilitazama lile jani. Sale hupokewa kwa mikono miwili, na yake ilikuwa imeshika tairi. Ilimbidi alitue kwanza.

"Shikamoo, Mwalimu," akasema, akalipokea.

Watu walianza kutawanyika mmoja mmoja. Saa sita gari la polisi lilifika, likampeleka Beda mjini akiwa mzima.

Sijui kama ndiye aliyeiba. Ikithibitika kwamba ndiye, je, nitajutia lile jani? Leo alfajiri nilikata majani ya ng'ombe kwa mazoea, nikayabeba mpaka bandani, nikasimama na mzigo kichwani nikijiuliza hilo.

Hapana. Sitajuta.