Bei ya Nyumba ya Boikene

Beni, 16/02/2020

Papa mupenzi,

Ninawasalimia, ninyi na mama na mudogo wangu Gérard. Muko aje huko Butembo? Kifua ya mama ilipona, ao baridi ingali inamusumbua? Sisi huku tuko bazima kwa neema ya Mungu. Joto tu ya Beni njo inatutesa, batoto banaota vipele.

Papa, tumelala ndani ya nyumba yetu! Tangu juzi. Iko kwa mutaa ya Boikene, vyumba tatu na barza, bati mupya. Usiku ya kwanza Delphin, mukwe wenu, hakulala, alikuwa anazunguka anagusa kuta sawa mutu anachunguza ng'ombe kabla ya kununua. Bila sahihi yenu hatungefika hapa. Karatasi ya parcelle, kiwanja yenu, iko kwa coopérative yenye ilitukopesha, bameiweka gage, rehani ya deni. Siku tutamaliza deni, banawarudishia.

Tulikopa dola elfu kumi na nne. Tutalipa mia mbili makumi tano na mbili kila mwezi, miaka kumi. Inapita kodi tulikuwa tunatoa, ni kweli, mais kodi ilikuwa inaenda na hairudi. Delphin ananunua kakao Eringeti, mimi niko na mushahara ya mwalimu kwa masomo. Tutaweza. Musiogope, nilisoma ile contrat mwenyewe, na ninyi munajua kazi yangu ni kufundisha hesabu.

Nimepatia barua hii Mama Adèle, ule anauzishaka samaki ya Kyavinyonge. Atapita kwenu.

Wasingya, asante kabisa, papa.

Mutoto wenu,
Emérence


Butembo, 1/3/2020

Emérence mutoto wangu,

Barua yako ilifika, na samaki pia. Mama yako alikusomea sala, halafu akakaanga samaki. Kifua iko muzuri kidogo. Asante kwa kuuliza.

Nimefurahi. Mimi nilijenga hii nyumba yetu kwa miaka kumi na moja, ukuta moja, kisha napumzika, kisha ukuta ingine. Ninyi mumeingia siku moja. Dunia imebadirika, na si vibaya.

Mais niulize kitu moja. Ukihesabu yote, mpaka mwezi ya mwisho, ile nyumba itakuwa ilitoka bei gani? Unijibu siku utapata wakati. Na ile karatasi, ujue ni nusu ya Gérard ndani. Siku ataoa, nitamukatia kipande yake ya parcelle ajenge.

Musalimie Delphin na bajukuu.

Papa yako,
Stanislas


Beni, 21/1/2024

Papa mupenzi,

Heri ya mwaka mupya, ninyi wote. Muko na afya? Mama anafika kwa misa asubuhi, ao anakwenda ya saa ine? Batoto bamekomaa, wa kwanza ananipita kwa mabega.

Munisamehe kuandika baada ya wakati murefu. Kwa telefone batu ni wengi pembeni ya mutu, na mambo ya nyumba haisemwi hivyo.

Kazi ya Delphin imepunguka. Njia ya Eringeti, ju ya vita, leo inapitika, kesho hapana. Mara ingine analala huko wiki nzima akingoja convoi ya magari na basoda, na mimi hapa ninahesabu pumuzi. Anataka kuacha. Mais ile crédit ya nyumba njo inamufunga. Nilimwambia: vumilia kidogo, tumekwisha lipa karibu elfu kumi na mbili kwa ile elfu kumi na nne. Inabaki kama elfu mbili na intérêt, riba, kidogo. Tunaona mwisho.

Kwa ile swali yenu ya zamani, ya bei ya nyumba, papa, intérêt iko ndani ya ile mia mbili makumi tano na mbili. Hakuna ya kuogopa.

Mutoto wenu,
Emérence


Butembo, 4/3/2024

Mutoto wangu,

Salamu yetu kwenu. Sisi tuko. Mama yako anaenda misa ya kwanza bado, anakataa ile ya saa ine, anasema ni ya bavivu.

Gérard ndiye anakuletea hii barua, na bahasha ingine ameshona ndani ya koti. Ni dola elfu mbili. Nimeuzisha miti yangu ya eucalyptus kule Kipese, yote. Usilie. Nilizipanda ju ya siku mutoto wangu atakuwa na shida, na siwezi kungoja kufa ili mukate.

Malizeni ile deni. Mutu asiache bibi na batoto analala Eringeti ju ya deni.

Na unitumie karatasi ya parcelle. Gérard amepata muchumba, mutoto wa batu ba parokia yetu. Wazazi bake banakuja hapa nyuma ya Pasaka, banataka kuona mahali binti yao atajengewa. Nimewaambia karatasi itakuwa mezani.

Papa yako,
Stanislas


Butembo, 16/6/2024

Emérence,

Tunakusalimia. Uko muzima? Batoto?

Pasaka imepita, na Pentekoste. Gérard alisema pesa alikupatia mukononi, ukamushika ukamukumbatia. Tukipiga telefone, Delphin anajibu, anasema «inakuja, papa, inakuja», halafu réseau inakatika.

Wazazi ba muchumba balikuja. Mama yako alipika kuku mbili. Tulikula, tukasali, kisha baba yake akaniuliza kwa heshima: «Donc, mzee, ile karatasi?» Nikasema iko njiani. Mimi mutu wa miaka sabini na mbili, nikasema uongo mbele ya sahani ya chakula. Baliaga muzuri. Mais hawajarudi.

Niandikie.

Papa


Butembo, 8/9/2024

Emérence,

Salamu. Mama yako alikuwa na homa, anapona.

Mama Adèle alipita jana na samaki. Akasema, kwa furaha tu, hakujua: «Mutoto wenu alinenepa kidogo! Nilimuona hapa Butembo Alhamisi, nyuma ya marché, na bawalimu wenzake.» Mama yako akatazama chini. Mimi nikasema: «Ndiyo, alipita.» Hii ya pili, uongo ya pili ju yako.

Ulikuwa Butembo na haukufika kwetu. Tulikukosea nini?

Papa


Beni, 15/9/2024

Papa,

Ninawasalimia. Mama apone haraka, ninamuombea kila siku, hata kama mudomo yangu haistahili.

Hamukunikosea kitu. Mimi njo nimewakosea, na nimekosa macho ya kuwaangalia nayo. Ni kweli nilikuwa Butembo. Balituita kwa formation, mafunzo ya bawalimu, siku mbili. Ya pili nilitoka mapema, nikapanda mpaka kona ya avenue yetu. Nikawaona, papa. Mulikuwa mumekaa kwa barza na Gérard, anawakata nywele, munacheka. Nikasimama pale sawa mwizi. Mama moja akaniuliza natafuta nani. Nikasema nimepotea njia. Kwa avenue nilizaliwa! Nikageuka, nikaenda kulala kwa bawalimu.

Sasa niseme yote.

Siku Gérard alileta pesa, kesho yake nilienda bureau ya coopérative peke yangu. Nilivaa kitenge yangu ya misa. Nilitaka Delphin arudi nimuoneshe karatasi. Nikamwambia agent: «Nimekuja kumaliza.» Akafungua ordinateur, akaandika jina, akangojea. Kisha akasema:

«Mama, inabaki elfu kumi na moja na makumi sita.»

Nikacheka. Nikamwambia: «Hiyo ni ya mutu mwingine. Angalia muzuri.»

Akanigeuzia ordinateur. Jina ni yangu, na picha yangu ya miaka ine iliyopita, nimetabasamu.

«Tumelipa elfu kumi na mbili!» nikasema. «Hatukukosa hata mwezi moja!»

«Njo vile, mama. Hamukukosa. Mais intérêt inahesabiwa kila mwezi kwa deni yote yenye kubaki. Mwezi ya kwanza, ndani ya ile mia mbili makumi tano na mbili, mia mbili na kumi ilikuwa intérêt. Makumi ine na mbili tu njo ilipunguza deni.»

Alisema muzuri, bila kunicheka, akanionesha mustari kwa mustari. Ni ile karatasi nilitia sahihi, kila ukurasa. Kule juu baliandika moja na nusu pour cent kwa mwezi. Mimi nilisoma moja na nusu, nikaona ni kitu kidogo sawa chumvi. Kumbe kwa mwaka ni kumi na nane, na kwa miaka kumi, ile nyumba ya elfu kumi na nne tungeilipa elfu makumi tatu na zaidi. Nyumba mbili, papa, na tunalala ndani ya moja. Njo ile swali yenu. Muliniuliza kwa barua ya kwanza, na sikuhesabu. Niliona haya kukubali kama sikuhesabu, donc niliwajibu sawa mutu anajua.

Kila wiki ninasimama mbele ya batoto makumi ine, ninaandika pourcentage kwa ubao. Kuko mutoto moja aliniuliza: «Mwalimu, hii inasaidiaka kitu gani?» Nikatoka inje.

Pesa ya miti yenu nilificha ndani ya unga wiki mbili. Nilikuwa nadanganya Delphin kama Gérard alikuja kutusalimia tu. Mwisho nikamwambia. Hakunipiga kelele. Alikaa chini kwa simiti, akasema: «Donc ile miaka ine yote, Eringeti, risasi, matope… nilikuwa nalipa nini?»

Tukarudi kwa agent sisi wawili. Akasema tukiingiza ile elfu mbili yote kwa capital, deni yenyewe bila riba, inakata miezi makumi mbili. Tuliingiza. Donc miti yenu haikupotea, papa, inatutoa 2030, inatuleta 2028, mwezi ya sita. Mais karatasi bado iko gage. Gérard hana kipande, na mimi njo nimemunyima.

Sikuandika ju kila nikianza ninaona sahani ya mama mbele ya bageni. Munilaani, nitaelewa. Mais musiseme tena uongo ju yangu. Museme kweli.

Emérence


Butembo, 6/10/2024

Emérence,

Salamu. Mama yako amepona.

Nimesoma barua yako mara moja, nikaiweka. Sikutaka kuandika na hasira. Sasa hasira imepunguka, haijaisha.

Nilifanya vile ulisema. Nilivaa koti, nikaenda na Gérard kwa baba ya muchumba, nikasema: «Karatasi iko gage kwa coopérative mpaka 2028. Ni deni ya mutoto wangu, na sahihi ni yangu.» Macho yangu ilikuwa kwa miguu yangu. Yeye akasema atauliza binti yake. Binti akasema anaweza kuanza kwa nyumba ya kukodi. Wao banaoana mwezi ya pili. Gérard hakusema neno mubaya ju yako, mais kurudi alitembea mbele, peke yake.

Miti ni miti. Pesa ni pesa. Mais mutoto wangu kugeuka kwa kona, akiniona, ile ndiyo imenishinda. Usiku ninaiona.

Papa yako


Beni, 24/11/2024

Papa, mama,

Ninawasalimia sana. Muko bazima? Huku mvua haikatiki.

Ninaandika tu mujue mahali tuko. Tumetoka Boikene. Nyumba tumeikodisha kwa infirmière moja, anatunzaka bagonjwa kwa hospitali, na bwana yake, dola mia moja na makumi tano. Sisi tumechukua vyumba mbili kwa mutaa ya Malepe, makumi tano. Ile mia moja inabaki, tunaongeza kwa deni kila mwezi. Agent alihesabu, na safari hii nilihesabu mwenyewe pia, usiku mbili, mpaka nikapata sawa yeye. Tutamaliza 2027.

Siku ya kutoka, mutoto wetu ya mwisho aliuliza kama tumefukuzwa. Jirani balikuwa banaangalia vitanda yetu kwa chukudu, ile gari ya mbao ya kusukuma, hakuna mutu alituuliza kitu. Hiyo ilinichoma kupita kama bangeuliza. Delphin ameacha Eringeti. Anapakia mizigo kwa dépôt, anarudi kila mangaribi.

Nilimuandikia Gérard kando. Hajajibu, na hana lazima.

Siombi kitu. Sitakuja kwa sikukuu ya Noël. Mwaka ingine labda.

Mutoto wenu,
Emérence


Beni, Malepe, 21/12/2024

Emérence,

Nilienda kwanza Boikene, nilisahau kama mulitoka. Ule infirmière alinipa maji, akaniita papa, akanionesha vyumba bila niombe. Nyumba ni muzuri. Sikuwahi kuiona, miaka hii yote. Nilikaa kwa barza yenu kidogo, kisha nikatafuta moto, pikipiki, ya kunileta mpaka hapa.

Nimekuta mulango yenu imefungwa. Jirani, Mama Jokébed, amesema uko kwa masomo kutengeneza bulletins, karatasi ya alama ya banafunzi, Delphin kwa dépôt, batoto kwa kibaraza ya kanisa banaimba. Ananipa kalamu hii.

Gérard tuko naye. Ameenda kutafuta batoto, atabatambua tu kwa sura. Mama yako alitaka kuja, nikamwambia apike huko nyumbani, ju kesho tunarudi na ninyi, wote, hata kama gari inajaa. Delphin aombe ruhusa. Kama banamukatalia, nitaenda kuomba mimi.

Neno ya deni tutaongea nyuma ya Noël, na utanionesha ile hesabu, mustari kwa mustari. Nataka kuielewa nami.

Ninaweka karatasi hii chini ya mulango. Mimi niko hapa pembeni, kwa kiti ya Mama Jokébed. Kama unanikuta nimesinzia, uniamshe.

Papa yako