Kishale Hakitoki Mkononi mwa Akinyi

Obunga, Kisumu

Dada yangu Mbuke,

Shikamoo dada. Natumaini barua hii itakukuta umeshatoka shambani na umekaa kitako, maana ni ndefu na sitaki uisome umesimama. Mguu wako unaendeleaje? Na mama, bado anakataa uji wa mtama mpaka mumtishie kwamba nitapiga simu? Mwambieni nimesikia, na nimekasirika kidogo. Sisi huku miili ni mizima, namshukuru Mungu. Ila moyo wangu hauko sawa, na ndiyo maana nimechukua kalamu. Kwenye simu siwezi kusema. Nyumba yetu ni ya mabati, chumba na chumba vimegawanywa na pazia, na mwenye mambo haya analala upande wa pili wa pazia.

Dada, ni habari za Akinyi na baba yake.

Unakumbuka shemeji yako alivyokuja Mwanza na timu ya kazini kwao kucheza vishale, mimi nikiwa napika pale kantini. Ninyi mlicheka sana kwamba nimeolewa na mtu anayerusha misumari kwenye ubao. Lakini huku ziwani, dada, ule mchezo ulimpa jina. Wanamwita Sindano, kwa sababu alikuwa akikiambia kishale kiingie mahali, kinaingia. Mpaka leo akipita Otonglo siku ya soko, watu wazima wanaacha biashara wanamwamkia. "Sindano! Mzee Sindano!" Hatuna gari, hatuna nyumba ya matofali, ila hilo jina tunalo, na yeye analivaa kila asubuhi kama shati.

Akinyi alianza kurusha akiwa mdogo, baba yake akimwekea kreti la soda asimame juu. Amekua na mkono ule ule wa baba yake. Namna ya kusimama, bega moja mbele, kichwa kimeinama kidogo, hata kupumua. Watu wakimwona wanasema, "Huyu ni yeye tu, ila amevaa sketi." Basi mwaka huu imeanzishwa ligi ya kulipwa huko Nairobi. Watu wake walipita Kisumu kutafuta wachezaji, wakamtazama Akinyi, wakasema wanamtaka. Kucheza iwe ndiyo kazi yake, dada. Mtoto wetu ambaye sasa anasuka nywele za watu barazani.

Ili uelewe kilichotokea baadaye, lazima nikwambie mchezo unavyokwisha. Unaanza na alama nyingi, kila ukirusha unapunguza. Lakini huwezi kumaliza hivi hivi tu. Kishale cha mwisho lazima kiingie kwenye kile kimstari chembamba cha pembeni, wanakiita dabo. Usipopiga dabo, hata ungekuwa mbele namna gani, hujashinda.

Sasa, kabla ya hao watu wa ligi kurudi kumpa mkataba, klabu wanayochezea ilifanya sherehe, na wakamwomba baba acheze na binti. Mimi huwa siingii mle ndani, unajua, kwa ajili ya pombe. Nakaanga mgongo wazi nje mlangoni, yaani ile mifupa ya sangara inayobaki viwandani wakishatoa minofu. Mlango ukiwa wazi naona kila kitu. Akinyi alimfunga baba yake. Hakumfunga kwa bahati, alimfunga kabisa. Baba yake alicheka, akainua mkono wake juu watu waone, akasema, "Mmeona? Ni damu yangu hiyo." Watu wakapiga meza. Lakini njiani kurudi nyumbani hakutungoja. Alitembea mbele yetu. Alipofika akakaa nje kwenye kiti, akatoa vishale vyake akavifuta kimoja kimoja na kitambaa, akavirudisha, akavitoa tena akavifuta. Akinyi alimletea chakula. Akasema, "Weka hapo." Chakula kikapoa.

Juma lililofuata ndipo mkono ulipokataa.

Sijui nikuelezeje. Anasimama kwenye mstari, analenga, mkono unakwenda mbele vizuri, halafu pale vidole vinapotakiwa kufunguka havifunguki. Kishale kinabaki mkononi. Anarudisha mkono, anajaribu tena, vile vile. Si kila mara. Vishale vya mwanzo vinatoka bila shida. Ni akifika kwenye dabo tu, pale pa kushinda.

Tulimpeleka hospitali. Daktari akamfinyafinya, akamwambia akunje, akunjue, akasema mkono ni mzima. Na ni kweli ni mzima! Anasuka kutwa nzima, vidole vinakwenda mbio kuliko mdomo. Anashika kijiko, anafua, ananifungia kamba ya mzigo. Majirani wakaanza maneno yao, kwamba kuna mtu amemfunga, nimtafute wa kumfungua. Nikawaambia mimi namjua mfunguaji mmoja tu. Tukaenda kanisani, mchungaji akampaka mafuta kiganjani, kina mama wote tukaweka mikono. Mwenzangu mmoja akaomba kwa nguvu, "Bwana, fungua hizi vidole zirushe!" Akinyi mwenyewe akacheka katikati ya maombi, na mimi nikacheka huku machozi yanatoka. Kesho yake akasimama kwenye mstari, kikakwama.

Nyumbani nilipopiga magoti peke yangu, dada, niliona haya. Nitamwambiaje Mungu habari za dabo? Mchezo wenyewe unachezwa mahali ninapowakataza watu wa kwaya wasiingie. Nikasema tu, Baba, unajua ninachotaka kusema. Mpaka sasa sina hakika kama mimi mwenyewe nakijua.

Baba yake alisema ni woga. "Mimi niliogopa lini, Mama Akinyi? Hii ni mtoto anafikiria sana." Akawa anamsimamia nyuma, amemshika bega, "Rusha. Rusha. Wacha kufikiria." Anavyozidi kumsimamia ndivyo vidole vinavyozidi kufunga. Nikamwambia, baba, mwache kidogo. Akaniuliza, "Wewe ulirusha wapi?" Ni kweli sijawahi kurusha.

Basi ikaja mechi na watu wa Kakamega. Akinyi alitangulia vizuri mpaka ikabaki dabo moja tu. Akainua mkono, ukaenda, kikabaki. Akarudia, kikabaki. Nje pale mafuta yanachemka, mimi nimeshika mwiko sipindui kitu. Watu wakaanza.

"We msichana, hiyo ni kishale ama ni kalamu unashika?"

"Mkono imekwama kama gia ya lori!"

"Wachilia! Wachilia!"

Wakawa wanaimba ukumbi mzima, wachilia, wachilia, wa Kakamega na wa kwetu pamoja. Mteja mmoja pale kwangu, mlevi kidogo, akanigeukia akasema, "Mama, na hii samaki yako isikatae kutoka kwa karai kama kishale ya msichana wako." Nikampa samaki wake.

Ndipo nikamwona shemeji yako anasimama kutoka kiti chake. Akaenda taratibu mpaka kwenye mstari. Nilidhani anakwenda kumshika mtoto amtoe pale, na nikasema moyoni, ahsante Yesu. Akamfungua vidole, dada. Kimoja kimoja, kwa upole kabisa, kama ulivyokuwa ukinitoa mwiba. Akachukua kile kishale. Akamsogeza kando kwa kiwiko. Akarusha.

Kikaingia dabo katikati.

Hujawahi kusikia kelele namna ile. Watu walimbeba juu. "Sindano! Sindano!" Mwenye kuandika alama ubaoni, mtu aliyekua tangu utoto akimtazama akirusha, akasimama tu na chaki yake. Mechi wakapewa Kakamega, ilivyo haki, na hao Kakamega wenyewe nao wanamshangilia. Nikamtafuta Akinyi kwa macho. Alikuwa bado amesimama pale alipowekwa, vidole vimefunguka, mkono uko hewani. Halafu akautazama, akauteremsha, akatoka kwa mlango wangu. Akanipita. "Mama, unguza hiyo samaki," akasema, maana yake naunguza, na kweli nilikuwa naunguza.

Baba yake alirudi nyumbani anaimba. "Umeona, Mama Akinyi? Bado iko. Bado mkono iko." Uso wake ulikuwa kama ule wa kantini Mwanza. Nikataka kumwambia alichokifanya. Dada, nilikuwa na maneno yote tayari mdomoni. Lakini nilikuwa sijamwona na furaha ile kwa miaka, na akasema, "Nimemsaidia mtoto yangu." Aliamini hivyo. Nikamtengea chakula.

Asubuhi Akinyi hakuwepo. Alikwenda Asembo Bay kwa shangazi yake, dada wa baba yake, ambaye anakausha omena ufukweni, wale dagaa wetu. Na wakati huo picha za ukumbini zilikuwa zimeshaingia kwenye simu za watu wote. Watu wa ligi nao waliziona. Wakapiga simu. Hawataki tena mkataba wa Akinyi peke yake. Wanataka baba na binti. Akinyi arushe vya mwanzo, na cha mwisho, cha dabo, atoke baba yake amnyang'anye kishale arushe yeye, kama vile ilivyokuwa, watu wafurahi. Kila mji watakaokwenda. Wameshawashonea mashati, mgongoni yameandikwa SINDANO.

Shemeji yako alikubali kabla simu haijakatwa. Akaniambia, "Nenda uchukue mtoto, mwambie shida yake imeisha. Sasa hatahitaji kupiga dabo."

Nikaenda. Dada, nilikwenda nikiwa nimekata shauri nitamwambia abaki huko huko. Nilijiandaa njia nzima. Nikamkuta shangazi yake ameinama juu ya neti, omena zimetandazwa mpaka karibu na maji. Akaniona nimesimama tu.

"Nyar Tanzania," akasema, ndivyo wanavyoniita huku, binti wa Tanzania, "umekuja kuchukua mtoto ama kulia? Kama ni kulia, kwanza saidia kupindua hii omena, mvua inakuja."

Nikapindua. Akinyi alikuwa upande wa pili wa neti, anapindua na yeye, hatutazamani. Nikamweleza habari ya simu ya Nairobi. Hakushtuka. Nikamwambia, mwanangu, hakuna anayeweza kukulazimisha. Ukitaka kubaki, baki. Ukitaka kusuka, suka. Baba yako nitaongea naye mimi.

Akaniuliza, "Utamwambia nini?"

Nikazipindua tena omena nilizokwisha kuzipindua.

Ndipo nikamwuliza jambo ambalo sikuwa nimemwuliza tangu awe mtoto juu ya lile kreti. Nikasema, "Akinyi, wewe mwenyewe unapenda kucheza?"

Akaokota vitakataka kwenye omena. Akasema, "Ile siku nilimfunga, nilipenda sana, mama. Sijawahi kupenda kitu kama hiyo." Halafu akasema, "Lakini ulimwona njiani. Nisipoenda Nairobi, hawamtaki peke yake. Atakuwa nani?"

Shangazi yake alisikia. Huyo mwanamke ana neno kwa kila kitu, lakini hapo aliendelea kupindua omena.

Mvua ilipoanza tulikuwa tumeshakusanya zote. Akinyi akaingia ndani, akatoka na mfuko wake, amekwisha kufunga. Sikumchukua mimi, dada. Alikuja mwenyewe. Mimi nilikuwa wa kumfuata tu.

Wanaondoka Alhamisi. Baba yake amenyoa, amejipaka mafuta, anafanya mazoezi mbele ya mlango, na majirani wanakuja kumtazama. Ni mume mwema, usimfikirie vibaya. Hajawahi kuninyooshea mkono wala kulala nje. Anampenda yule mtoto kuliko macho yake. Nikiomba sasa, sijui niombe nini. Nikiomba mkono wa Akinyi ufunguke, namwondolea baba yake nafasi. Nikiomba ubaki umefungwa, mimi ni mama gani? Basi napiga magoti nanyamaza, nasubiri Mungu aseme Yeye kwanza. Bado hajasema, au amesema na mimi sikusikia.

Jana tulikuwa tunakunja yale mashati yao, baba yake ametoka. Nikamwambia Akinyi njia ya kuja kwenu. Panda basi la Isebania, vuka mpaka kwa miguu, upande wa pili tafuta gari la Mwanza, kisha la Nzega, ushuke kituo cha mashine ya kukoboa, uliza nyumba ya Mama Mbuke mwenye kwaya. Hakusema atakuja. Hakusema hatakuja. Alirudia jina la kituo mara moja, polepole, halafu akaendelea kukunja.

Hilo ndilo nililoweza, dada. Baba yake halijui, na wewe usilitaje ukipiga simu.

Nisalimie mama, mwambie mwanawe wa Kenya anampigia magoti. Nisalimie shemeji, mumeo, asilime sana na kifua chake kile. Msalimie mdogo wetu Maganga na mkewe mzazi, kichanga nimekisikia kikilia kwenye simu, kina sauti ya babu. Salamu kwa mzee wa kanisa aliyenibatiza, hata kama bado anaona vizuri msimpe barua, asomewe tu zile sehemu za salamu.

Na siku yoyote ukisikia hodi mlangoni ya sauti ya ziwani, yenye Kiswahili cha kukosea kosea, ni mwanao. Usimwulize habari za vishale. Usimwulize habari za baba yake. Mpe maji aoge, mwache alale mpaka aamke mwenyewe.

Ni mimi mdogo wako akupendaye katika Bwana,

Kabula